Faili la Maktaba na Sikio la Salumu

Siku ya tatu baada ya kumzika Salumu, mtu mmoja aliwachekesha waombolezaji kwa jina lake. Tulikuwa uani kwake, mtaa wa Mikelenge, chini ya turubai lililofungwa upande mmoja kwenye paa na upande wa pili kwenye mpapai. Wanaume walikaa kwenye viti vya plastiki, sisi wanawake kwenye mikeka, na bakuli za wali na maharagwe zilikuwa zikipita. Assani, ambaye wakati wa vita alikuwa dereva wa shirika la misaada nililofanyia kazi pamoja na Salumu, alipangusa midomo kwa leso, akaanza kumsifu marehemu. Alisema Salumu alikuwa mtu wa sala, mtu wa watu. Kisha akasema, "Munakumbuka wakati ya vita? Salumu njo ule mwenye alifuta fishye ya shirika, mji muzima ukakosa ndege! Mungu amurehemu. Alikuwa muzuri, lakini vile vidole vyake, ee!" Watu wakacheka kile kicheko cha msibani, cha upole, cha watu waliochoka kulia. Hata Riziki, binti wa Salumu, aliyekuwa akimimina chai, alicheka. Mwaka ule wa faili, hiyo fishye ya Assani, Riziki alikuwa bado anabebwa mgongoni. Hilo ndilo lililonichoma kuliko yote: kwamba mtoto alikuwa amekua, ameolewa, amezaa, na muda wote huo alimjua babake kama mtu aliyefuta faili.

"Assani," nikasema, "Salumu hakufuta kintu."

"Dada Mwavita, ni mucheko tu. Tuko mu kilio, tusigombane."

Nikanyamaza. Mimi si mtu wa kunyamazishwa na dereva mstaafu. Ninaongoza watu, ninagombana na wakubwa wa Kinshasa kwa simu kila wiki. Lakini siku ile nilinyamaza, na sababu ya kunyamaza kwangu nitaisema itakapofika zamu yake, maana nikiificha, kumbukumbu hizi zitakuwa uongo mwingine juu ya ule wa kwanza.

Mwaka ninaousema nilikuwa na miaka kumi na tisa, na mji wetu wa Kindu, jimbo la Maniema, mashariki ya Kongo, ulikuwa umezingirwa. Waasi walishika mji, wanamgambo wa Mai-Mai walishika pori, na sisi tulikuwa katikati, tukila kilichokuwa karibu. Hapakuwa na njia ya Kalima wala ya Kibombo. Majani yalikuwa yameota kati ya reli. Aliyethubutu kwenda shambani kwake kuchimba muhogo alirudi bila kikapu, au hakurudi. Tulikula sombe, yaani kisamvu, bila mawese, baadaye sombe bila chumvi, baadaye matembele yaliyochumwa nyuma ya choo, na nakumbuka jinsi watu walivyokuwa wakizungumza juu ya chumvi kwa sauti ileile wanayotumia kuzungumzia mtu aliyesafiri. Mimi nilipata kazi shirikani kwa sababu nilijua kupiga chapa kwa vidole kumi bila kutazama. Ofisi ilikuwa mtaa wa Kasuku, karibu na mto, ndani ya nyumba ya zamani ya mfanyabiashara, yenye kuta nene na veranda ya saruji. Saa sita mchana wafanyakazi walipewa sahani moja ya bugali na maharagwe. Sahani ile ndiyo ilikuwa kazi yenyewe. Salumu alikuwa akikata bugali yake katikati kama anayepima kwa rula, nusu moja anakula, nusu ya pili anaifunga kwenye jani la ndizi kwa ajili ya mkewe, Mama Riziki, aliyekuwa ananyonyesha. Sijawahi kumwona akikosea upande wa mkewe ukawa mdogo.

Salumu alikuwa na miaka thelathini hivi, mrefu, mwembamba, mwenye kusema taratibu. Zamani alitengeneza simu za reli. Reli ilipokufa alijifundisha kompyuta kwa kusoma vitabu vya maelezo vilivyokuja ndani ya maboksi, vitabu ambavyo wengine walivitumia kuwashia moto. Chumba chake kilikuwa nyuma, chumba pekee chenye baridi katika nyumba nzima, kwa sababu ya feni mbili zilizopulizia seva, kompyuta kuu ya ofisi. Humo mlikuwa na seva hiyo, kubwa kama sanduku la nguo, modemu ya setilaiti iliyowaka taa tatu za kijani, na waya zilizopanda ukutani hadi kwenye antena ya sahani juu ya paa. Mji wote haukuwa na simu. Njia za kuutoa ujumbe Kindu zilikuwa mbili tu: redio ya jeshi la waasi, ambayo hakuna aliyethubutu kuisogelea, na chumba kile. Kupitia kile chumba, kila Alhamisi, ilitumwa orodha ya mahitaji ya kituo cha lishe: maziwa ya watoto, dawa, chumvi za kuzuia kuharisha. Bila orodha, ndege haikuja Jumanne. Mtu yeyote pale ofisini, hata mlinzi wa lango, alilijua hilo.

Mchana, wengine wakilala verandani, Salumu alinifundisha. Hakuniuliza kama msichana wa kupiga chapa anahitaji kujua. Alinionyesha programu ya kupimia mtandao, ile ambayo ukiiamuru inatuma swali dogo hadi setilaiti na kurudi, kisha inakuambia swali limekwama wapi: kwenye waya, kwenye modemu au angani. Halafu akanifungulia folda ya mfumo, imejaa mamia ya mafaili yenye majina mafupi yasiyosomeka, nikamwuliza hayo ni ya nini.

"Njo maktaba," akasema. "Programu haibebe akili yote mu kichwa yake. Inakuja kuazima humu. Ile ya barua inaazima, ile ya kupima njia inaazima. Unaona hii?" Akaweka kidole juu ya jina moja. "Zote mbili zinaazima hii moja. Ukiigusa hii, umegusa zote."

"Na muntu akileta ingine ya jina lile lile?"

Akanigeukia, akanitazama kwa furaha ambayo bado naiona. "Sasa weye unaanza kufikiri. Akileta ingine ya zamani, ya jina lile lile, ikakaa juu ya hii, mashini haitasema kintu. Itaona jina, itasema iko sawa. Kumbe haiko."

Mkuu wa kituo chetu alikuwa mgeni kutoka Ulaya, Musiyu Luki. Sitasema alikuwa mkatili. Alikuwa mtu wa kawaida aliyechoka, mwenye homa isiyoisha na hofu ya kupoteza cheo, na nimejifunza tangu wakati ule kwamba watu wa aina hiyo wanaweza kukuumiza kuliko katili. Jumamosi moja, siku ya posho kama tunavyoiita, ofisi ilikuwa tupu. Salumu alikuwa amevuka mto tangu asubuhi kwenda Alunguli kwenye maziko ya mjomba wake. Mlinzi aliandika kwenye daftari lake saa ya kutoka kwake, na hakurudi hadi Jumapili. Mimi nilikuja mchana kumaliza barua fulani. Nikasikia sauti za filamu kutoka chumba cha nyuma, milio ya magari na bunduki za bandia, katika mji uliokuwa na bunduki za kweli. Mlango ulikuwa umefungwa, na Salumu asipokuwepo ufunguo wake ulikaa kwa Musiyu Luki. Nikapiga barua zangu, nikaenda zangu.

Jumatatu barua hazikufunguka. Programu ya barua ilitoa kidirisha cha kijivu na kufa. Salumu akaita programu ya kupimia mtandao ili aone njia imekatika wapi, nayo ikafa vilevile, kwa kidirisha kilekile. Hakushtuka. Alisema, "Basi si antena. Antena haiwezi kuua programu." Akafungua folda ya maktaba, akapanga mafaili kwa tarehe, na faili lile alilonionyesha likapanda juu kabisa ya orodha. Limebadilishwa Jumamosi, saa tisa alasiri na dakika kadhaa. Ndani yake toleo lilikuwa la zamani kuliko lile lililokuwepo. Pembeni yake, saa ileile, ilikuwa imezaliwa folda mpya yenye jina la programu ya kuonyesha filamu. Mtu ameweka diski, diski imeleta programu yake, na programu ile imemwaga faili lake la kizamani juu ya letu. Salumu alikwenda kwa Musiyu Luki na kumweleza kwa Kifaransa safi, bila kumtaja mtu. Aliomba ruhusa ya kurudisha faili sahihi kutoka kompyuta kuukuu ya ghala, iliyokuwa na mfumo uleule. Kazi ya dakika kumi.

Ukuta kati ya meza yangu na ofisi ya mkuu ulikuwa wa mbao nyembamba. Nilisikia kila neno. Musiyu Luki alisema hakuna aliyeweka kitu chochote kwenye seva, kwamba sheria ya shirika inakataza, kwamba tatizo ni upepo umesogeza antena, na kwamba kuanzia sasa Salumu asiguse seva bila yeye kuwepo. "Panda juu ya paa," akasema. "Ndiyo kazi yako."

Salumu akapanda. Siku tatu alikuwa juu ya mabati, jua la Maniema likimkausha, akizungusha sahani kidogo kulia, kidogo kushoto, akijua kwamba haina kosa. Nilimpelekea maji kwa ngazi. "Juu ya nini usiseme ni Musiyu mwenyewe?" nikamwuliza. Akasema, "Anajua. Nikimwambia kile anajua, atanifukuza, na fishye itabakia vile. Ngoja atoke." Alhamisi ikapita bila orodha kutumwa. Kituo cha lishe kilikuwa nyumba mbili nyuma ya kanisa, na jirani yangu alikuwa ameketi humo na mapacha wake, Hasani na Huseni. Jumanne iliyofuata ndege haikuja, maana makao makuu hawakupata ombi na waliipeleka mahali pengine. Maziwa yalikuwa yamebaki kidogo, wakayaongeza maji. Huseni alifariki Jumatano asubuhi. Siwezi kuapa kwamba maziwa yangemwokoa, alikuwa dhaifu sana. Lakini nasema hivi: mtu mzima mmoja alijua kwa nini barua haziendi, akachagua kutazama paa.

Mchana ule wa Jumatano Musiyu Luki alikwenda kwa wakubwa wa waasi kwa mazungumzo. Salumu alinijia mezani, akasema, "Njoo, usimame mu mulango." Alikwenda ghalani na disketi, akarudi nayo, akaingia kwenye seva, akaliweka lile faili bovu pembeni kwa jina jingine, hakulifuta, akaweka zima mahali pake. Programu ya kupimia ikafunguka. Akatuma swali, likaenda hadi angani na kurudi. Barua zikaanza kuingia moja juu ya nyingine, nyingi zikiuliza jambo moja: Kindu, mbona hamjibu? Tulituma orodha ya maziwa palepale, nikiipiga mimi. Tulicheka. Nakumbuka tulicheka kama watoto.

Makao makuu yakataka maelezo. Alhamisi asubuhi Musiyu Luki aliniita, akafunga mlango, akanisomea ripoti niipige chapa. Ripoti ilisema fundi wa kienyeji alifuta faili la maktaba ya mfumo lililotumika kupimia mtandao, kwa makusudi au kwa uzembe. Ushahidi ulikuwa huu: kwamba fundi huyo, baada ya kushindwa kwa siku nyingi, alilirudisha kwa dakika kumi, jambo ambalo asingeliweza kama hakujua limekwenda wapi. Nilisimamisha vidole. Nikasema, "Musiyu, faili halikufutwa. Lilibadilishwa Jumamosi. Kaka Salumu hakuwepo Jumamosi." Akanitazama kama vile mashine ya chapa imesema. "Madmwazeli," akasema, "umeajiriwa kupiga chapa. Kuna wasichana kumi langoni wanaojua kupiga chapa."

Walikuwepo kweli. Niliwaona kupitia dirishani. Na saa sita ilikuwa inakaribia, na harufu ya maharagwe ilikuwa imeshaingia chumbani.

Niliipiga. Ukurasa mmoja na nusu, bila kosa hata moja la herufi. Hiyo ndiyo sababu yangu ya kunyamaza mbele ya Assani. Nilijiambia ni barua tu ya ofisini, itakwenda kulala kwenye kabati la Ulaya. Sikujua kwamba Musiyu Luki angepeleka nakala kwenye ofisi ya usalama ya waasi, ili ionekane shirika lina ushirikiano mwema na wenye mji. Pale mtu aliyekata mawasiliano hakuitwa mzembe. Aliitwa mtu wa Mai-Mai. Walikuja kumchukua Salumu siku chache baadaye, saa sita, sahani yake ikiwa mkononi, nusu ya bugali imeshafungwa kwenye jani. Alinipa lile jani nilipeleke kwa mkewe. Askari mmoja alidhani ni barua, akalifungua, akalirudisha.

Walimweka kwenye kasho karibu na uwanja wa ndege, kontena la chuma lenye matundu ya misumari. Kesho yake niliingia chumba cha nyuma, nikachapisha orodha ya folda ya maktaba pamoja na tarehe na saa, faili bovu, folda ya filamu, vyote, na mlinzi wa lango akanipa bila neno ule ukurasa wa daftari lake. Mimi na Mama Riziki, mtoto mgongoni, tulikwenda kwa komanda wa waasi siku nne mfululizo. Siku tatu tuliketi nje chini ya ukuta. Siku ya nne alituita. Alikuwa kijana kuliko nilivyotarajia, anakula kikwanga, ule mkate wa muhogo. Aliishika karatasi kichwa chini.

"Hii inasema nini?"

Nikamweleza. Nilimweleza kama Salumu alivyonieleza mimi: maktaba, kuazima, jina lile lile juu ya kitu kingine. Nikamwonyesha saa. Nikamwonyesha daftari: saa ile, Salumu alikuwa ng'ambo ya mto akizika.

"Kompyuta haiseme uongo?" akauliza.

"Kompyuta inaandika saa tu, komanda. Uongo unatoka mu kinywa ya muntu."

"Basi nani aliweka ile filme?"

Hapo niliogopa. Kumtaja mzungu kwa waasi ilikuwa kumweka yeye mahali pa Salumu. Nikasema sijui. Mama Riziki akaingilia, hakuwa na subira tena, akampiga mtoto kiganja mgongoni kumbembeleza huku akisema kwa sauti kubwa, "Sisi hatutafuti mwenye aliweka. Tunatafuta bwana yangu. Hakufanya kintu. Unirudishie mimi baba ya huyu mutoto!" Komanda akatafuna hadi akamaliza. Nadhani alichoka na sisi. Siwezi kudai kwamba ukweli ulimshinda.

Siku ya kumi na moja wakamtoa. Mkono wake wa kulia ulikuwa umevimba, vidole viwili vimevunjika, na sikio la kushoto lilikuwa limekufa. Halikusikia tena hadi tunamzika. Shirika halikumrudisha kazini. Mimi nilifukuzwa wiki ileile kwa kutoa nyaraka za ofisi bila ruhusa. Musiyu Luki alihamishwa baadaye kwenda nchi nyingine, kwa cheo kikubwa zaidi. Sikuwahi kusikia kwamba ripoti ile ilirekebishwa. Kwa hiyo huko ilipo, kama haijaliwa na mchwa, bado inasema uongo kwa Kifaransa kizuri.

Salumu alijua nani aliipiga. Ofisi nzima ilikuwa na mpiga chapa mmoja. Hakuniuliza hata siku moja. Akafungua kibanda cha kutengeneza redio, akiinamisha sikio la kulia kwenye kila spika, na kila nilipopata vitabu alinifundisha, na mitandao ilipobadilika aliisoma pamoja nami. Leo mimi ni msimamizi wa mtandao wa ofisi, nao hauko kama ule. Swichi zenyewe, vile vifaa vinavyopitisha ujumbe, hazina uamuzi wowote, zinatii. Programu moja ya kati ndiyo inayochora njia zote na kuziambia ujumbe huu upite huku, ule upite kule, na mtu anaweza kuibadilisha ofisi nzima akiwa amekaa Kinshasa. Lakini vifaa vya kuipima bado vinaazima kutoka maktaba, mafaili yenye majina mafupi yasiyosomeka, na moja likibadilishwa kimya kimya, kipimo kinakudanganya kwa uso mkavu. Mwaka juzi jambo hilo lilitutokea. Mkubwa mmoja alitaka fundi wetu, msichana mwenye bidii, afukuzwe kabla ya jioni. Nilikataa. Nikamleta Salumu akae nami mbele ya skrini. Akasoma muda mrefu, kisha akauliza jambo moja tu: "Nani iko na ruhusa ya kuandika humu ndani?" Tukaangalia. Walikuwa watu wawili, na msichana hakuwa mmoja wao. Mkubwa alikuwa mmoja wao.

Sasa narudi msibani. Jioni ya siku ile ya tatu nilimfuata Assani kwenye gari lake. Nilitaka kumkemea juu ya kicheko. Nikamwambia yote: tarehe, saa, folda ya filamu. Alisikiliza akichezea ufunguo, kisha akasema, bila aibu, kama mtu anayenisaidia kukumbuka, "Ninajua, dada. Ile diski njo miye niliitoa ku uwanja wa ndege. Tuliangalia na Musiyu Luki pamoja ile siku ya posho."

"Ulijua?"

"Wakati ile nani angesema? Unajua vile ilikuwa."

"Najua vile ilikuwa! Na leo je? Nani amekukamata leo? Umekaa uani mwake, unakula wali wake, unamuchekesha mutoto wake juu ya kosa yako!"

Nilikuwa napiga kelele. Sikumbuki mara ya mwisho nilipopiga kelele namna ile. Watu walitoka uani. Mama Riziki alitoka, nguo ya kilio mabegani, akauliza kuna nini, na kwa kuwa Assani alikuwa ameinamisha kichwa, nikasema mimi. Nikasema juu ya diski. Kisha, kwa sababu mdomo wangu ulikuwa umeshafunguka na haukuwa na mahali pa kujifungia, nikasema na ile nyingine. "Na ile rapori ya kumushitaki, Mama Riziki, njo miye niliipiga chapa."

Alinitazama jinsi ambavyo hakunitazama hata siku zile nje kwa komanda.

"Tuliketi pamoja chini ya ule ukuta," akasema. "Siku ine. Miye nililia ku bega yako."

"Ndiyo."

"Ukanyamaza."

"Ndiyo."

"Miaka yote hii unaingia mu nyumba yangu. Ninakuita mudogo wangu. Toka."

Nikatoka. Sikuwa na haki ya kukasirika, lakini nilikasirika njia nzima hadi nyumbani, na hasira ile haikujua imkalie nani: Assani, yule mzungu, waasi, harufu ya maharagwe, mimi. Bado haijui.

Siku ya arobaini nilikwenda hata hivyo. Nilikaa mwisho wa mkeka, karibu na njia. Baada ya dua, Mama Riziki alisimama mwenyewe, jambo ambalo wajane hawalifanyi, akamwita Assani kwa jina mbele ya watu wote. Assani akaanza kuzungukazunguka. Alisema wakati wa vita mambo yalikuwa magumu, kulikuwa na makosa, watu hawakuelewana.

"Hapana," Mama Riziki akamkata. "Sema vile iko. Nani alileta ile diski?"

"Ni miye."

"Salumu alifuta fishye?"

"Hapana. Hakufuta."

"Sema kwa Riziki. Yeye njo ulimuchekesha."

Assani akamgeukia Riziki, akasema. Riziki hakucheka wala kulia. Alikuwa ameshika birika, na aliendelea kulishika.

Kisha Mama Riziki akanitafuta kwa macho hadi mwisho wa mkeka. Nikasimama kabla hajaniita. Nikasema nilichokuwa nimefanya, kwa maneno machache, kwa sauti ya kusikika hadi kwa majirani. Watu walianza kula. Nilipokuwa natafuta viatu vyangu ili niondoke, Mama Riziki alinikuta mlangoni. Hakuniita mdogo wake. Hakunipa mkono.

"Ile ya uongo uliiandika kwa saa moja," akasema. "Hii ya kweli nayo andika. Na jina yake uiweke yote."

Salumu Ramazani Kitenge.